Amani ya Kiangazi Hutengenezwa Wakati wa Mvua

Hotuba ya afisa wa mashinani wa shirika moja la Bukavu, Kivu Kusini, iliyotolewa Siku ya Maji Duniani mbele ya machifu wa vijiji, kamati za maji, vijana na wageni

 

Leo ni tarehe 22 Machi, Siku ya Maji Duniani. Umoja wa Mataifa uliiweka siku hii mwaka 1992, na ilianza kuadhimishwa mwaka 1993. Asubuhi, nilipokuwa nateremka kuja hapa na viatu vimejaa tope, mama mmoja aliniuliza: "Mwanangu, mvua yote hii, na ninyi mnaenda kuzungumza juu ya ukosefu wa maji?" Nikacheka, nikamjibu: "Ndiyo mama, na ni kwa sababu ya mvua hii." Alinitazama kama mtu asiyeamini. Naomba nitumie muda mlionipa kulifafanua jibu langu.

Mwaka wa kijito

Nitazungumza juu ya kijito kimoja cha huko Kabare. Sitalitaja jina lake, wala majina ya vijiji viwili vinavyokitumia, kwa kuwa makubaliano yao bado ni machanga, na mtoto mchanga hatembezwi sokoni.

Si mto mkubwa. Mtu mzima anakivuka kwa hatua tatu. Kinatoka katika chemchemi chini ya kilima, kinapita kwenye kinamasi chenye mafunjo, kisha kinateremka kuelekea Ziwa Kivu. Kinachojulikana nacho ni usafi wake. Mito mingine ikigeuka rangi ya chai ya maziwa wakati wa mvua, hiki unaona mawe yaliyo chini. Watoto wanakamata kaa wadogo chini ya mawe hayo, na kereng'ende wanaruka juu ya maji. Wazee wanasema kwamba kaa wakipotea, mtu asinywe tena bila kuchemsha.

Sisi wa Kivu tunajua majira yetu. Mvua huanza mwezi wa tisa na kuendelea hadi mwezi wa tano, ikipumzika kidogo kati ya mwezi wa kwanza na wa pili. Bukavu na kandokando yake hupata milimita 1,300 hadi 1,500 hivi kwa mwaka. Mwezi wa sita, wa saba na wa nane ni kiangazi. Wakulima wanahesabu misimu mitatu: msimu A unaoanza na mvua za mwezi wa tisa, msimu B unaoanza mwezi wa pili au wa tatu, na msimu C, ambao ni wa kiangazi na hulimwa katika vinamasi, kwa sababu ndipo peke yake palipobaki na unyevu.

Lakini kijito kina kalenda yake. Mvua za kwanza za mwezi wa tisa hazikiongezi kitu, kwa kuwa ardhi iliyokauka inakunywa kwanza. Chemchemi zinapanda polepole, na zinajaa kabisa mwezi wa nne au wa tano. Mwezi wa sita mvua inakatika, nacho kijito kinaendelea kutembea kana kwamba habari haijakifikia. Maji tunayochota mwezi wa saba ni mvua iliyonyesha miezi mingi nyuma. Iliingia katika udongo, ikapita katika nyufa za mawe meusi ya volkano, ikashikwa na kinamasi kama sponji, na sasa inatolewa kidogokidogo.

Mama za kijiji cha chini wana namna yao ya kupima jambo hilo. Mwezi wa nne bidoni inajaa kabla hujamaliza kumsalimia mwenzako. Mwezi wa nane unaweka bidoni chini ya bomba la chemchemi na kusali Baba Yetu, na kurudia, na kurudia tena. Mama mmoja aliniambia: "Mwaka ukiwa mbaya, namaliza rozari nzima." Hakuwa anatania.

Wenzetu wa Uingereza

Wageni wetu kutoka Uingereza watanielewa upesi. Mwaka fulani walituonyesha picha za mito ya kwao kusini, kama Test na Itchen, na nikashangaa kuona kwamba ni ndugu wa kijito chetu. Kule kuna mwamba mweupe na laini unaoitwa chaki. Mvua za majira yao ya baridi zinaingia katika mwamba huo, zinahifadhiwa humo, kisha zinatoka katika chemchemi zikiwa safi na zenye ubaridi usiobadilika sana, karibu digrii 10, mwaka mzima. Mito ya namna hiyo ni michache duniani, mia mbili na zaidi hivi, na sehemu kubwa iko Uingereza. Baadhi ya vijito vya juu hutiririka majira ya baridi tu, halafu hukauka hadi mwamba ujae tena.

Mwamba wao si mwamba wetu. Wao wana chaki, sisi tuna mawe ya volkano na kinamasi. Lakini kazi ni ileile: kupokea maji wakati yapo mengi na kuyatoa wakati yamekuwa machache. Na udhaifu ni uleule. Wao wanasumbuliwa na visima vinavyovuta maji ya ardhini kwa ajili ya miji, maji machafu ya vyoo yanayoachiliwa mtoni, na mbolea za mashambani. Nchi tajiri yenye sheria nyingi na maabara nyingi, na bado mito yake inaumwa. Nawaambia hayo ili mtu yeyote hapa asifikiri kwamba kuharibu kijito ni ujinga wa maskini.

Tulipochelewa

Sasa niwaeleze ugomvi. Kijiji cha juu kinalima kinamasi katika msimu C. Wanalima kabichi, maharage na viazi, ambavyo mwezi wa nane vina bei nzuri katika soko la Kadutu. Ndiyo pesa ya shule ya mwezi wa tisa. Ili kinamasi kikauke, wanachimba mifereji. Kijiji cha chini kinategemea maji hayo kwa kunywa, kufua na kunywesha mbuzi, na vijana wake wanatengeneza matofali kando ya kijito.

Kiangazi kimoja mifereji ilichimbwa mirefu kuliko kawaida. Maji yalishuka yote kwa siku chache, kisha bomba la chini likaanza kudondosha. Usiku vijana wa chini wakapanda, wakaziba mifereji kwa udongo na mawe. Asubuhi kabichi za watu zilikuwa zinaelea. Kufika saa nne mapanga yalikuwa yameshatoka nyumbani. Kijana mmoja, ambaye hajafika miaka ishirini, alikatwa mkononi. Nilipomwona hospitalini alikuwa anauliza jambo moja tu: kama vidole vitaweza kushika tena kibao cha matofali. Viwili havikuweza.

Jioni ile hakuna aliyezungumza tena juu ya mifereji. Watu walizungumza juu ya koo: nani alikuja lini, babu ya nani alipewa shamba na nani. Ninyi mnaofanya kazi ya amani mnajua safari hiyo ni fupi kiasi gani hapa kwetu.

Shirika letu lilifika mwezi wa nane. Tulifanya semina ya siku mbili. Tulikuwa na karatasi kubwa ukutani, kalamu za rangi, chakula kizuri na orodha ya waliohudhuria. Kila upande ulisema maumivu yake, mama walilia, wazee walishikana mikono. Walitia saini kwamba kila upande utauheshimu mwenzake. Tukapiga picha. Nami ndiye niliyeandika ripoti, na niliandika kwamba mgogoro umetatuliwa.

Kiangazi kilichofuata mifereji ilichimbwa tena.

Niliporudi nikiwa na aibu, mzee mmoja alinikaribisha, akanipa kiti, akasema: "Mwanangu, mlikuja mwezi wa nane. Mwezi wa nane kila mtu ana hasira na mkono mtupu. Njooni mwezi wa tatu." Maneno yake yalinifundisha zaidi ya semina zangu zote. Sisi tulikuwa tunawagawia watu maji ambayo yalikwisha kuondoka. Tena karatasi yetu haikusema lolote juu ya urefu wa mfereji, na mtu mwenye kinamasi hakuwepo kabisa.

Hapo pana jambo ambalo hatukuliuliza. Wengi wa wanaolima kinamasi hawakimiliki. Wanakilima kwa bwasa, yaani wanakodi kwa msimu au kwa mwaka, na mwaka unaofuata mwenye ardhi anaweza kumpa mwingine. Zamani mtu aliyepewa shamba kwa kalinzi mbele ya chifu alijua kwamba watoto wake watalilima, na alilitunza. Mwenye bwasa anajua kwamba kiangazi kijacho huenda asiwepo. Kwa nini aache maji ardhini kwa ajili ya mtu asiyemjua? Tulimhubiria mpangaji moyo wa mwenye nyumba.

Tulipowahi

Mwaka uliofuata tulifika mwezi wa tatu, mvua ikinyesha kama leo. Hatukufanya semina. Tulitembea. Vijiji viwili pamoja, wakulima, mama wa bomba, vijana wa matofali, chifu, na safari hii mwenye ardhi mwenyewe, ambaye anakaa mjini. Tulianza kwenye chemchemi, tukateremka hadi mahali pa matofali. Watu wa chini waliona kwa mara ya kwanza kwamba bila mfereji kabichi hazioti. Watu wa juu waliona bomba, na wakaonyeshwa mahali maji yalipofikia kiangazi kilichopita. Kwa kuwa maji yalikuwa mengi, hakuna aliyekuwa na haraka ya kushinda.

Walikubaliana mambo manne, na hayakutoka kwetu. Kwanza, mfereji usizidi kimo cha goti, na uzibwe msimu C ukiisha, ili mvua za mwezi wa tisa zikute kinamasi kimefungwa. Pili, hatua ishirini kuzunguka chemchemi zisilimwe. Mafunjo yaachwe, na mikalitusi iliyopandwa hapo, ambayo inakunywa sana, ing'olewe na kupandwa miti ya asili. Tatu, udongo wa matofali usichukuliwe ukingoni mwa kijito. Nne, mwenye ardhi atoe bwasa ya miaka mitatu kwa yule anayefuata masharti.

Na kijiji cha chini kililipa sehemu yake: siku za salongo kwenye mashamba ya kijiji cha juu, kuchimba mitaro ya kuzuia mmomonyoko kwenye mteremko. Mitaro hiyo inashika udongo wa wenye mashamba na inaingiza mvua ardhini kwa faida ya wa chini. Mzee yule alisimika kijiti kijitoni, akakitia alama kwa kisu. Maji yakishuka chini ya alama, kamati inakutana siku ileile, kabla ya jua kuzama.

Sitawaambia kwamba yalikuwa ni maajabu. Kiangazi cha kwanza walikutana mara tatu, na mara moja kwa sauti za juu sana. Lakini mapanga yalibaki nyumbani, na bomba halikukatika.

Kile kilicho kikubwa kuliko kijito

Mtaniuliza: nchi inaungua, nawe unatuletea habari za mifereji? Nawajibu kwamba kijito kilichoharibika hakibaki kidogo. Mteremko usioweza kunywa mvua unaiachilia yote kwa mara moja. Mwezi wa nne 2020 mto Mulongwe uliingia Uvira, ukaua watu na kubomoa maelfu ya nyumba. Tarehe 4 Mei 2023 mafuriko yalipita Bushushu na Nyamukubi, katika Kalehe, na zaidi ya watu 400 walikufa. Mvua ilikuwa kubwa, ni kweli. Lakini milima iliyovuliwa miti haikuwa na cha kuishikia.

Hapa mjini tunafanya yetu. Vijito vinavyopita katika komini zetu tumevifanya jalala. Chupa na mifuko inaingia ziwani, ziwa linamwagika katika Ruzizi, na takataka zinakwenda kuziba mitambo ya bwawa la umeme la Ruzizi I. Halafu taa zikizimika tunailaumu SNEL. Ruzizi II ni mali ya pamoja ya nchi tatu: Kongo, Rwanda na Burundi. Nchi zinazogombana kiasi hiki zimefungwa na maji yaleyale, yanayoteremka kutoka mita 1,460 hapa kwetu hadi mita 770 hivi katika Ziwa Tanganyika.

Neno moja la tahadhari kwetu sisi wa mashirika. Kulinda chanzo cha maji si kufukuza watu. Hifadhi ya Kahuzi-Biega iliundwa mwaka 1970, na misitu yake ni chanzo cha mito yetu mingi. Lakini Wambuti, wale Batwa waliokuwa wakiishi ndani yake, walitolewa bila kupewa ardhi nyingine, na mwaka 2024 uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na za Watu ulitangazwa, ukisema kwamba haki zao zilivunjwa. Msitu unaolindwa dhidi ya jirani yake hauna amani, na usipokuwa na amani haulindiki.

Tulipo leo

Mwezi wa pili 2025 mapigano yalifika kwetu. M23 iliingia Kavumu, kisha Bukavu. Familia zilikimbia huku na huko. Kamati ya kijito ilitawanyika, na wawili kati ya wajumbe wake hawajarudi. Watu wengine waliofika wakitafuta mahali pa kulala na pa kulima walifungua mashamba kwenye zile hatua ishirini za chemchemi. Hawakujua kuna makubaliano. Walijua watoto wana njaa.

Mzee wa kijiti bado yupo. Nilipokwenda kumwona, nilitazamia malalamiko. Aliniambia kwamba alikwenda kwao na kabichi mbili, akakaa, akauliza wametoka wapi. Siku nyingine akawapeleka kwenye chemchemi. Hakuwaambia waondoke. Aliwaomba waje kwenye mkutano. Sasa kuna swali ambalo karatasi ya zamani hailijibu: watu hawa watalima wapi, ili chemchemi ipumue? Mwenye ardhi anasema ana sehemu kavu juu kidogo. Watu wa juu wanasema sehemu hiyo walikuwa wameahidiwa wao. Hapo ndipo tulipo. Kama halijatatuliwa kabla mvua haijakatika, najua kitakachotokea mwezi wa saba, nanyi mnajua.

Kwa hiyo nina maombi matatu.

Kwa machifu: itisheni mikutano ya maji sasa, msisubiri kuletewa majeruhi. Na mwenye ardhi asikose kiti.

Kwa wafadhili na wageni wetu: fedha zenu za amani mara nyingi hufika kukiwa na damu, kwa sababu damu inaonekana. Tusaidieni pia tufike kabla yake, mwezi wa tatu, wakati hakuna cha kupigia picha isipokuwa watu wanaotembea kwenye tope.

Kwenu vijana: kijana yule aliyekatwa sasa yuko katika kamati. Hawezi kazi ya matofali tena. Anakwenda kila Jumamosi kutazama alama ya kijiti, na ndiye anayepanda kuwaambia wa juu maji yamefika wapi. Wa juu wanampa kiti. Mmoja wa wanaompa kiti ni baba wa aliyemkata.

Mama aliyeniuliza asubuhi huenda bado ananingoja njiani. Nitamwambia hivi: mama, mvua hii inayotuchafua viatu ndiyo utakayoichota mwezi wa saba, ikikuta mahali pa kuingia. Tumebakiwa na mwezi wa nne na wa tano. Mkutano wa kijito ni Jumamosi hii, saa tatu asubuhi, pale kwenye chemchemi. Anayeweza kuja aje na jembe.